Pantoni Katika Kipangu Chetu

Illuminée alinikuta naanika nepi za Shami. Akaja akasimama karibu nami kabisa, kama mtu anayetaka kuomba chumvi.

"Mama Shami, umesikia? Mzee Mugenzi anatengeneza muvure."

Muvure ni lile hori refu la mti ambalo watu wa huku hukamulia ndizi mbivu, wapate urwagwa, pombe ya ndizi. Vijijini ni kitu cha kawaida. Lakini sisi tunakaa mjini, Gikondo, nyumba tatu ndani ya kipangu kimoja, ukuta wa matofali pande zote. Kupika pombe hapa bila kibali ni kujitafutia kesi.

"Nani kakwambia?"

"Hakuna aliyeniambia. Nina macho. Mbao ndefu, ubavu mfupi, chini bapa. Na jana anaziba nyufa kwa lami. Mtu anaziba nyufa za nini, kama si kuzuia kitu kisivuje?"

"Lami kwenye pombe, Illuminée?"

"Si atatandika majani ya mgomba juu yake!" Akatazama upande wa nyumba ya mwisho, akashusha sauti. "Sha, lile likijaa linatosha harusi tatu. Wewe mnaelewana naye. Mwambie aniwekee jerikani mbili, mwezi wa kumi na mbili tunapokea mahari ya binti yangu Joselyne."

Kwa hiyo hakuja kumshtaki. Alikuja kuweka oda. Ila Illuminée akiwa na habari huwa haimtoshi msikilizaji mmoja, na mimi nilijua kabla nepi hazijakauka itakuwa imefika dukani, na kutoka dukani kwa mkuu wa mudugudu, yaani mtaa wetu.

Ni kweli tunaelewana, mimi na Mzee Mugenzi. Amekulia Tanzania, upande wa pili wa mto Kagera, kama mama yangu. Mimi mwenyewe nilisomea huko mpaka darasa la saba. Asubuhi nikitoka namwambia shikamoo, naye anaitikia marahaba, na Illuminée anatucheka, eti tuko kama shuleni. Ana miaka sitini na saba. Mke wake alifariki kabla sijahamia hapa. Kazi yake ni kutengeneza bodi za mbao za malori, kwenye gereji iliyo chini ya kilima chetu, na anaondoka na msumeno wake umefungwa kwenye gunia kama mtoto mgongoni.

Kuna mambo yake niliyokuwa nimeyaona bila kuyauliza. Hakai kwenye ncha ya benchi, anakaa katikati tu, hata kama benchi zima ni tupu. Akitenga chakula, sufuria inatangulia na inawekwa katikati ya meza, ndipo vingine vinafuata. Na akiniona nimebeba beseni la nguo kwenye nyonga moja, uso wake unakunjamana kama anaumwa jino. "Mama Shami, mzigo katikati." Siku nyingine Shami akiwa amelala upande mgongoni mwangu, mzee ananifuata mpaka mlangoni kuniambia mtoto ameegemea.

Jioni ile alipotoka gereji nikamwendea.

"Mzee, watu wanasema unatengeneza muvure."

Alicheka mpaka akaweka nyundo chini. "Muvure! Wanywe nini, lami?" Akajifuta macho kwa mkono wa shati. Kisha akapiga ubao kwa kiganja, mara mbili. "Mama yako hajawahi kukusimulia habari za pantoni?"

Alinisimulia. Walipokuwa wanatoka huku kukimbilia kule, yeye akiwa mtoto mdogo, walivuka Kagera kwa pantoni. Alichokumbuka ni kwamba lori lilipanda na watu wakapanda, na yeye akadhani bado yuko barabarani, mpaka alipoona majani ya ng'ambo yanakuja.

"Ndiyo hiyo," akasema mzee. "Miaka kumi na mmoja nilifanya kazi kwenye pantoni, mpaka daraja lilipojengwa. Mimi nilikuwa mpangaji. Gari linakaa hapa, ng'ombe wanakaa hapa, mama mjamzito hapa, magunia hapa. Injini ni ya mwingine, tiketi ni za mwingine. Uzito ulikuwa wangu."

Nikamuuliza tofauti yake na mtumbwi, maana kwa Kinyarwanda vyote ni ubwato. Hapo alivuta kigoda, akakaa, katikati. Alieleza taratibu kama mtu anayehesabu misumari. Mtumbwi una tumbo la mviringo, ukikanyaga vibaya unakutupa. Pantoni ina tumbo bapa kama sinia, kwa hiyo inapita hata kwenye maji mafupi na inafika mpaka ukingoni, mtu anashuka bila kulowa. Lakini si kila chenye tumbo bapa ni pantoni. Kile kinachovutwa na chombo kingine, mizigo ikikaa ndani yake siku nzima majini, hicho ni tishari.

"Pantoni haifuati mto, Mama Shami. Inaukata. Kazi yake ni ng'ambo, basi. Na haina mbele wala nyuma. Ikifika haigeuki. Kule nyuma kunakuwa ndiko mbele, inarudi."

"Na hii ndiyo pantoni?"

"Hii?" Akakitazama kile kitu kilichojaza uwanja wetu, urefu wake hatua tano, upana wake hatua mbili na nusu. "Hii bado ni mbao."

"Kwa nini, mzee? Si umemaliza?"

"Pantoni ni mpaka ivushe mtu na imrudishe mkavu. Kabla ya hapo ni mbao na misumari."

Baba Shami alikuwa amebakisha kopo la rangi nyeupe alipopaka mlango wetu. Nikasema naweza kuandika jina ubavuni, shuleni mwandiko wangu ulikuwa unasifiwa. Mzee akatikisa kichwa.

"Rangi iweke. Bado ni mbao."

Alikuwa anaitengeneza kwa ajili ya Mukashema na wenzake. Mukashema ni mama wa makamo, anaongoza wanawake kumi na wawili wanaolima karoti na kabichi bondeni, karibu na mto Nyabarongo. Mashamba yao yako ng'ambo ya mkono wa maji ambao kiangazi unavukwa kwa miguu, na mvua zikianza unajaa. Mwaka jana walikuwa wanavuka kwa mtumbwi mmoja wa zamani. Ukapinduka na karoti zote, Mukashema mwenyewe akatoka kwa kushikilia mafunjo. Tangu siku hiyo hakuna aliyekubali kuupanda. Wakawa wanazunguka, saa mbili kwenda na saa mbili kurudi, gunia kichwani, na karoti nyingi zikaozea kule kule. Sasa ilikuwa mwisho wa mwezi wa tisa. Mawingu yalikuwa yameanza kukaa juu ya kilima mchana kutwa.

Bertrand alikuja siku ya Jumanne. Yeye ndiye mkuu wa mudugudu wetu, amekulia Bujumbura, ni mtu mwenye adabu na daftari. Alizunguka zile mbao mara moja upande wa kulia, mara moja upande wa kushoto. Illuminée alikuwa ghafla na kazi nyingi za kufagia mlangoni kwake.

"Muzehe, nimeletewa habari ya muvure."

"Si muvure."

"Naona si muvure. Ni nini basi? Nataka kuandika."

"Andika mbao."

"Mbao zimelala moja juu ya moja, muzehe. Hizi zimesimama." Akainama, akachungulia ndani. "Hii kwetu Burundi tunaita baki. Ilikuwa inavusha watu na mbuzi."

Mzee uso ukamng'aa. "Eh! Kwenu baki, kwetu pantoni. Hizo ni ndugu, mama mmoja."

"Haya, niandike pantoni?"

"Hapana. Andika mbao. Haijavusha mtu."

Bertrand akanitazama kama mimi ndiye mwenye mgonjwa. "Mama Shami, nisaidie, disi."

"Anasema bado, afande," nikamwambia. Tunamwita afande kwa mzaha, kwa sababu ya daftari.

Akafunga daftari. Alisema kwa upole, lakini alisema. Jumamosi ni umuganda, kazi za pamoja za kila mwisho wa mwezi, na safari hii watu wa sekta, wakubwa wake, watapita kipangu kwa kipangu kukagua usafi. Hataki wakute kitu kisicho na jina kimejaza uwanja ambao watoto wanachezea, na lami juu yake. Kabla hawajafika, kiwe kimetoka.

"Na kisipotoka, muzehe, nitalazimika kukivunja. Kuni watagawana majirani."

"Kitatoka," akasema Mzee Mugenzi. "Gereji watanipa lori."

"Vizuri."

"Vizuri," akasema Illuminée naye, ameegemea ufagio. "Ila kitatokea wapi?"

Wote tukageuka. Kipangu chetu hakina geti la gari. Kina mlango mmoja wa chuma, unaotosha mtu na jerikani zake mbili. Mbao zilikuwa zimeingia moja moja begani, kwa wiki tatu, na hakuna aliyewaza. Mimi sikuwaza. Mzee ndiye hakuwaza kabisa. Gereji anajengea bodi juu ya lori lenyewe, likiisha linaondoka nayo. Na zamani alikuwa mtoni, na mtoni hakuna mlango.

Alikwenda kupima kwa kamba. Akapima tena, kana kwamba chuma kingemwonea huruma.

Siku mbili zilizofuata sikupenda kumtazama. Alimpigia simu mwenye nyumba, akaomba kubomoa ukuta kidogo na kuujenga mwenyewe. Mwenye nyumba akasema ukuta wake si mkate. Akachora mstari wa mkaa katikati ya zile mbao, aikate vipande viwili akaviunge upya mtoni. Akachukua msumeno, akakaa nao mapajani. Kisha akaufuta mstari kwa kitambaa. Aliniambia ukiikata tumbo, hata ukiiziba vipi, itakuwa inakumbuka.

Alhamisi Mukashema akaja na karoti kwenye mfuko. Aliona mlango, akaona upana, akaelewa bila kuelezwa. Hakulalamika.

"Mzee, kama haiwezekani tuambie tu. Tutazunguka kama mwaka jana. Tumeshazoea."

Alivyosema kwamba wamezoea, mzee akaanza kukuna lami kwenye kucha, na akaendelea kuikuna hata Mukashema alipokwisha kuondoka.

Ijumaa asubuhi Shami alikuwa amelowesha godoro. Nikalitoa nje kwenda kulianika juu ya ua wa barabarani, kule jua linakowahi. Godoro letu ni pana. Mlangoni nililisimamisha ubavu kama ninavyofanya siku zote, nikapita nalo, Shami mgongoni. Niliporudi nikamkuta mzee amesimama ananitazama, msumari mdomoni.

Nilingoja autoe ule msumari kwanza.

"Mzee, nayo ikisimamishwa ubavu itapita. Kimo chake hakifiki hata goti."

"Najua."

Alijua! Tangu Jumanne.

"Hailazwi ubavu," akasema.

Nikamsogezea kigoda chake. Nimejifunza kwa mtoto kwamba ukinyamaza, kitu kinachotaka kutoka kinatoka chenyewe. Akakaa kwenye kigoda.

"Kulikuwa na mwenzangu anaitwa Ntare. Yeye alikuwa anashika kamba. Siku moja katikati ya mto mtu akapiga kelele, kiboko! Watu wote wakakimbilia upande mmoja waone. Mimi nilikuwa nimepanga vizuri, Mama Shami, nilikuwa nimepanga. Lakini watu wana miguu. Pantoni ikasimama ubavu, hivi." Akasimamisha kiganja chake. "Muda mfupi tu, ikarudi. Baiskeli tatu zilikwenda, na Ntare akaenda. Nimeiona mara moja imesimama ubavu. Sitaki kuiona tena."

Shami alikuwa anavuta hereni yangu. Nikafikiri habari za Mukashema na mafunjo. Halafu nikakumbuka maneno ya mzee mwenyewe.

"Mzee, samahani nikikuuliza kitu."

"Uliza."

"Hii ni nini?"

Akanitazama. "Si nimekwambia."

"Uliniambia bado ni mbao. Bertrand naye ukamwambia aandike mbao, na kaandika. Mbao zinalazwa ubavu kila siku, mzee. Wewe mwenyewe ulizipitisha hapo mlangoni ubavu, moja moja. Basi kesho zinapita zote pamoja. Pantoni haijawa bado. Itakuwa ikifika majini, na huko hakuna atakayeilaza."

Akainama, nikaogopa nimemkosea adabu. Kisha mabega yakaanza kutikisika. Alikuwa anacheka, bila sauti, ameziba uso kwa viganja viwili.

"Darasa la saba," akasema. "Darasa la saba tu!"

Jumamosi watu walikuwa wametoka wote na majembe na fagio. Bertrand akaleta wanaume wanane, naye mwenyewe akakunja suruali. Mzee akawapanga: wewe mrefu nyuma, wewe mnene katikati, wewe usishike hapo utaumia. Zikafika mlangoni, akawaambia sasa wazisimamishe. Halafu akaenda kusimama kwenye kona ya ukuta, akatupa mgongo, uso kwenye matofali.

Nilimfuata nikasimama karibu naye, nisimwangalie sana.

"Zimefika wapi?" akauliza ukuta.

"Zinaingia mlangoni."

Illuminée alikuwa anaongoza bila kuombwa. "Taratibu! Kushoto! Kushoto kwangu, siyo kwako, Bertrand! Eh, Mana yangu, vidole!" Kikasikika chuma kikikwaruza mbao, sauti ndefu. Mzee akafumba macho.

"Mama Shami?"

"Zinapita, mzee. Upande wa juu umebaki vidole viwili."

"Zimepita?"

Kelele zikalipuka nje, mtu akapiga makofi. Nikamwambia zimepita, zimelala chini, bapa. Ndipo akageuka. Alipita mlangoni kama mtu anayetoka kanisani, na alipofika barabarani sauti yake ikamrudia. "Nani kaweka jiwe chini ya pembe? Toa jiwe! Uzito katikati!"

Watu wa sekta walikuta uwanja umefagiwa. Waliuliza zile alama za lami. Bertrand akafungua daftari, akawasomea kwa sauti nzito: "Mbao. Zimeondolewa."

Umuganda ulipokwisha na barabara kufunguliwa, lori la gereji likaja. Illuminée akapanda wa kwanza, kitambaa cha kanisani kichwani. Alisema anakwenda kusali huko huko mtoni, maana lile jambo la muvure lilikuwa linamkaa rohoni. Mimi nikapanda na Shami na mfuko wa nepi.

Pale bondeni maji yalikuwa yameshaanza kupanda, rangi ya chai ya maziwa. Wanawake wa Mukashema walikuwa wamefunga kamba nene kutoka mti wa huku mpaka mti wa kule. Zile mbao zikasukumwa majini. Zilielea kimya, tulivu, kama zimekuwa zikingoja. Mzee akaingia, akatembea mpaka kila pembe, akapiga magoti akagusa chini kwa kiganja. Kisha akaanza kutupanga.

Mukashema na majembe, hapa. Wawili wanene, hapa na hapa, wasicheke. Mimi akanishika mkono akaniweka katikati kabisa. Akamtazama Shami mgongoni, akamsogeza kidogo upande wa kulia.

"Sasa yuko sawa."

Akashika kamba mwenyewe, akavuta. Chini ya miguu yangu maji yalikuwa yanapiga sauti ndogo, kama mtu anayegonga sinia kwa vidole. Sikuhisi mwendo. Nikaona tu majani ya ng'ambo yanakuja, nikamkumbuka mama.

Illuminée akatoa simu. "Ngoja nipige picha tukiwa huku pembeni, Joselyne aone..."

"Wewe! Rudi katikati!"

Sijawahi kumsikia mzee akipaza sauti vile.

"Muzehe, ni picha tu."

"Katikati, mwanangu. Nakuomba."

Illuminée akarudi, akanishika kiuno, na hakutania tena mpaka tukafika.

Kule ng'ambo wanawake walishuka bila kulowesha hata kandambili. Mukashema alisimama ukingoni, akaangalia maji aliyovuka, akatikisa kichwa. Halafu wakapakia magunia manne ya karoti, na mzee akayapanga kuzunguka miguu yangu. Hatukugeuka. Mimi nilibaki nimeelekea kule kule shambani, na pantoni ikaondoka kurudi, nikawa narudi kwetu kinyumenyume, namtazama Mukashema anavyopungua.

Tulipogusa ukingo tukashuka, mzee akabaki ndani. Alipiga magoti tena, akapitisha kiganja juu ya sakafu ya mbao kutoka upande hadi upande. Akakiangalia kiganja. Kilikuwa kikavu. Akakaa vile vile amepiga magoti, na mimi nikajifanya nafunga mbeleko upya.

"Mama Shami."

"Bee, mzee."

"Ile rangi umekuja nayo?"

Ilikuwa ndani ya mfuko, chini ya nepi, na brashi yake. Nikaitoa.

"Niandike 'Pantoni' upande gani? Mbele?"

Akanitazama tu, na mimi nikakumbuka, nikacheka.

"Andika kote kuwili," akasema. "Na herufi ziwe kubwa, mwanangu, mtu aliye ng'ambo azisome kabla hajaita."